Sakafu Iliyopigwa Wakati wa Mvua

Palestina (mahali penyewe siruhusiwi kutaja)
10 Oktoba 1943

Mke wangu Apolinaria,

Barua yako imenikuta mtaroni. Salmini aliipokea kabla yangu, akaifungua bila aibu na kupiga kelele mbele ya kampuni nzima, "Mnyamwezi amepata dume!" Watu wakatupa koleo chini. Hata sajini alicheka. Salmini unamjua, yule Mwarabu wa Kanyenye ambaye baba yake ana duka la nguo. Huko Tabora asingenipa hata kiti cha kukalia. Huku tunalala hema moja na kula sahani moja.

Mimi ni mzima, isipokuwa mgongo. Walituandikisha kuwa askari, lakini ni askari wa sululu. Tunachimba mitaro ya mabomba tangu jua linachomoza. Babu alibeba pembe za ndovu kutoka Unyanyembe mpaka pwani, na mimi napasua mawe ya nchi ya Biblia. Ukoo wetu nadhani Mungu alianza kuumba mabega.

Sasa sikiliza neno langu juu ya mtoto. Msimbatize kwanza. Unajua habari ya babu: alikwenda na msafara, akarudi baada ya miaka miwili na kukuta wajomba wamekwisha kumpa baba yangu jina. Alisema mpaka anakufa kwamba yule alikuwa kama mtoto wa mtu mwingine, hata kumwita alikuwa anasita. Mimi sitaki hivyo. Mtoto angoje jina kutoka kinywani mwangu. Niko katika nchi yenyewe ambako majina yote yametoka, nitampatia jina ambalo halijachakaa. Mwambie Padri ni wiki chache tu.

Kuna jambo jingine. Koleo langu liligonga kitu, na mguu ukaniambia si mwamba, ni sakafu. Wewe unacheka, lakini mimi ni mtoto wa mpiga sakafu. Nilikuwa nashika kibao cha kupigia kabla sijashika jembe. Tulipofagia tukaona vijiwe vidogo vya rangi vimepangwa kama punje za mahindi, vikafanya ndege na mizabibu. Ameletwa mzee mmoja msomi wa mambo ya kale, Bwana Zeligi, Myahudi aliyekimbia kwao Ulaya. Anasema ni kanisa la zamani sana, hata Waarabu walikuwa hawajafika. Ameomba apewe watu wanne wa kumsaidia. Mimi ni mmoja, na Salmini ni mkalimani, maana mzee anajua Kiarabu.

Nibusie mtoto kisogoni. Mama yangu shikamoo nyingi.

Ni mimi mumeo,
Raymundi


Kwihara
5 Desemba 1943

Mume wangu Raymundi,

Tumepokea. Mama anasema marahaba, na anasema tena kwamba mgongo unaouma usilaze chini, omba majani ya kulalia.

Mtoto ni mnene. Mapaja yake yana mikunjo mitatu mitatu, nikimwogesha lazima nifungue kila mkunjo kama kitabu. Amejua kucheka. Anacheka na jogoo, anacheka na Mama akipiga chafya, mimi mwenye maziwa ananiangalia tu kama karani wa kodi. Masikio ni yako, pole yake.

Lakini Raymundi, hilo jina. Padri ameuliza mara mbili. Jumapili iliyopita aliniuliza mbele ya watu, "Huyu bado mpagani?" Nikasema baba yake ameandika tungoje. Akatikisa kichwa. Wanawake kisimani wananiuliza, "Wewe tukuite mama nani?" Nasema niiteni Apolinaria. Wanasema mwanamke aliyezaa haitwi hivyo, ni kama bado nipo kwetu Puge nachunga mbuzi. Mama anamwita mtoto "wewe". Wewe njoo, wewe nyamaza. Ameanza kuitika.

Mvua zimeanza. Chumba cha nyuma kinavuja kidogo pale pembeni, lakini ndiko tunakolala, kuna joto.

Fanya haraka. Hata kama ni jina baya, tutalizoea.

Mkeo,
Apolinaria


Palestina
20 Februari 1944

Mama Justus,

Umeona? Hilo ndilo jina. Nimeliandika kwanza kabla ya salamu ili usipate taabu ya kulitafuta.

Nisamehe kuchelewa. Salmini ananitukana kila siku. Anasema, "Wewe Raymundi, mtoto ataota ndevu unachagua." Nilikuwa na majina matatu, yote nikayatupa. Moja lilikuwa la mfalme, nikaona ni kubwa, litamlemea. La pili ni la Padri wetu, nikaona atadhani najipendekeza. La tatu nimelisahau. Kisha wiki hii tumefika penye birika.

Nitakueleza. Mwisho wa kanisa, upande mmoja, kuna chumba kidogo, na katikati yake shimo la jiwe lililochongwa kama msalaba. Ngazi tatu za kushuka, ngazi tatu za kupanda. Bwana Zeligi anasema ndipo walipobatizwa. Mtu alishuka upande huu na kutokea upande ule. Nilishuka mimi mwenyewe, pakavu, mchanga tu. Mbele ya ngazi kuna maandishi ya vijiwe. Mzee alilowesha sifongo akapangusa, rangi zikatoka kama zimechorwa jana. Akasoma: "Ee Bwana, mkumbuke Justus, aliyepiga sakafu hii."

Mpiga sakafu, Apolinaria! Si mfalme, si askofu. Nikamwambia Salmini amwambie mzee kwamba mtoto wangu sasa ana jina. Mzee akanishika mkono.

Basi mpelekeni mara moja. Kama Padri amekasirika, mwambieni makosa ni ya baba.

Jambo la pili. Nikirudi nitakichimba chumba cha nyuma. Nimejifunza jinsi walivyofanya: unachimba kiasi cha mkono mmoja, unaweka kokoto, chokaa, halafu vijiwe. Nitamwekea mtoto ndege wawili na taa. Nimeanza kuokota vijiwe, vimejaa soksi moja. Hiyo ni kazi ya kiangazi, Mama anajua, wakati wa mvua udongo haukauki na sakafu inapasuka. Kwa hiyo mtu yeyote asiguse sakafu ya chumba kile mpaka nije.

Baba Justus


Kwihara
30 Aprili 1944

Mume wangu Raymundi,

Barua yenye jina imefika. Jina ni zuri. Mama amelisema mara nyingi ili alizoee.

Sisi tupo. Mahindi si mabaya. Mtama umeliwa na ndege upande wa barabarani, ile njia ya zamani ya misafara, kwa sababu sikwenda kuwafukuza. Mama anaumwa magoti. Mwalimu Anselm katekista anakusalimu.

Mtoto hasumbui.

Kuhusu chumba cha nyuma, usijisumbue. Tulikwisha kupiga sakafu mwezi wa Februari, mimi na Mama na wanawake wawili wa jirani. Ni nzuri, imelala sawasawa. Usije ukaichimba, Raymundi. Vijiwe vyako utaweka barazani, watu wote waone. Mle ndani paache. Mimi nimehamia chumba cha mbele.

Usinitumie soksi wala nguo za mtoto, kuna gharama.

Kula vizuri.

Apolinaria


Palestina
25 Juni 1944

Mke wangu,

Bwana anayekagua barua zetu, kama unajua Kiswahili, hii haina siri ya vita. Ni habari ya nyumbani kwangu. Tafadhali usikate kitu.

Apolinaria, barua yako niliisoma haraka nikaiweka mfukoni. Nikasema, wamekosea kidogo, wameharakisha. Nikaenda kazini.

Siku ile tulikuwa tunafagia karibu na mlango wa kile chumba cha birika. Nikaona kiraka. Vijiwe vyake ni vilevile lakini chokaa ni ya rangi nyingine, na imepasuka pembeni. Nikapiga kwa kisigino. Nikamwambia mzee hapa pana kitu. Tukafungua. Kulikuwa na mtungi mdogo umelazwa ubavu, na ndani yake mifupa myembamba, kama ya kuku. Mtoto mchanga. Mzee akavua kofia. Akauliza kupitia kwa Salmini, "Huyu amejuaje?"

Nikajibu, bila kufikiri, "Kwetu mtu hapigi sakafu kabla ya wakati wake. Ukiona imepigwa wakati wa mvua, ujue ardhi ilifunguliwa."

Salmini akatafsiri. Mimi nikabaki nimesimama na maneno yangu mwenyewe.

Februari. Mama yangu amepiga sakafu za kijiji kizima miaka thelathini, na sikumwona akishika kibao wakati wa mvua ila mara moja. Nilikuwa na miaka saba. Ilikuwa kwa ajili ya mdogo wangu, yule aliyeishi wiki mbili.

Nimeisoma barua yako tena. Umeandika habari za mtama mistari mitatu, na za mtoto maneno mawili. Mimi nimekuita Mama Justus, wewe umetia sahihi Apolinaria kama msichana.

Nina miaka thelathini na moja. Usinifiche kama mtoto. Niambie yuko wapi.

Raymundi


Kwihara
27 Agosti 1944

Raymundi,

Yuko ndani ya sakafu.

Alikufa tarehe kumi na moja Februari. Barua yako ya jina umeiandika tarehe ishirini. Nilihesabu siku hizo kwa vidole, nikazihesabu tena.

Homa ilimshika siku mbili. Siku ya tatu alfajiri nilimfunga mgongoni nikatoka kwenda misheni, Mama nyuma yangu na mwavuli. Mvua ilikuwa haijakatika tangu jana yake. Pale bondeni njia ilikuwa mto. Tulisimama tukingoja maji yapungue. Hapo nikasikia mgongoni amekuwa mzito kwa namna nyingine, nikamshusha.

Nilijua la kufanya. Mwalimu Anselm ametufundisha wote: mtoto akiwa katika hatari, mtu yeyote anaweza kumbatiza, mimina maji useme maneno. Maji yalikuwepo, Raymundi. Yalikuwa yananitoka kwenye kanga, yalikuwa viganjani. Kanisani nimemsikia Padri mara nyingi, anaanza kwa jina. Fulani, nakubatiza. Nikafungua mdomo, nikafika pa jina. Sikuwa nalo. Mama akasema, "Mpe lolote!" Nikasema baba yake amekataza. Nikasema labda barua imefika leo posta, tungoje kidogo. Nilisema hivyo kweli, nimesimama ndani ya maji. Mtoto akanitazama vile anavyonitazamaga. Halafu akawa hanitazami mimi.

Tukarudi. Makaburi ya misheni ni ya waliobatizwa na sikutaka kwenda kuuliza nikaambiwa hapana. Mama akasema tumlaze ndani, asinyeshewe tena. Alipiga sakafu yeye mwenyewe kwa magoti yale. Ilichukua wiki tatu kukauka, tuliwasha moto mle kila siku.

Baada ya Pasaka nilimweleza Mwalimu Anselm. Aliniambia jina halikuwa lazima. Maji na maneno yangetosha. Alipokuwa ananiambia alikuwa analia yeye, mimi nilikuwa namtazama tu.

Nilikuchukia, Raymundi. Barua ya jina ilipofika niliitupa nyuma ya chungu cha maji, Mama akaiokota. Halafu nikaisoma, nikaona mle ndani mtoto bado ni mzima, unamtafutia ndege wa sakafuni. Nikaona niache awe mzima mahali pamoja. Ndiyo sababu sikukuambia.

Usiniite lile jina.

Apolinaria


Palestina
5 Novemba 1944

Apolinaria,

Nimekaa na barua yako siku nyingi. Nimeandika nyingine nne nikazichana.

Sitasema ni mapenzi ya Mungu. Ni mimi. Wewe ulikuwa na maji mkononi, na mimi niliye mbali nilikushika mkono. Babu alikasirika kwa sababu mtoto wake alipewa jina. Kumbe alimkuta hai, anakimbia uani, na bado akanung'unika. Nimekuwa mjinga kuliko babu. Ukiendelea kunichukia hutakosea, lakini nichukie nikiwa nyumbani.

Salmini aliniuliza kwa nini sili. Nikamwambia. Mwarabu huyu mwenye mdomo alichukua sululu yangu akafanya kazi yangu na yake siku mbili.

Bwana Zeligi naye akauliza. Salmini akaanza kumweleza kwa Kiarabu, akafika katikati akashindwa, akaanza upya. Mzee alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akanipeleka mahali ambapo tulikuwa tumepafunika kwa turubai. Sijakuambia, chini ya sakafu ya kanisa kuna sakafu nyingine. Ni ya sinagogi la Wayahudi, lilikuwepo kabla. Kanisa lilijengwa juu yake. Ina taa ya matawi saba, na maandishi. Akayalowesha, akanisomea kwa kidole, polepole, Salmini akifuata:

"Wakumbukwe kwa wema wote waliotoa kwa ajili ya mahali hapa, ambao majina yao hayakuandikwa. Yeye anayajua."

Nikamuuliza ni akina nani. Akasema hakuna ajuaye, ndiyo maana wakaandika. Akanionyesha kwamba hata watu wa kanisa waliokuja juu yao waliandika karibu maneno hayohayo upande wa kaskazini, kwa lugha yao. Wale hawakujua kwamba chini ya miguu yao yameandikwa tayari.

Halafu mzee akakaa chini. Ana dada Ulaya mwenye watoto wanne. Miaka mitatu hajapata barua. Kila Ijumaa anamuuliza karani wa posta, na karani anajifanya kutafuta. Akasema, "Mimi huja hapa asubuhi kabla yenu, nawasomea wangu." Basi tulikaa hapo watu watatu mpaka sajini akatuita.

Ule mtungi wa pale mlangoni walitaka kuupeleka mjini, kwenye nyumba ya vitu vya kale. Nilimwomba mzee auache. Akaandika kwenye daftari lake, akanirudishia. Niliulaza ubavu kama ulivyokuwa, nikafunika, nikapiga kwa kibao nilichochonga mwenyewe. Ilikuwa kiangazi, kwa hiyo sakafu haitapasuka. Nilikuwa napiga, lakini mikono yangu ilikuwa Kwihara.

Sitachimba chumba cha nyuma. Vijiwe nimevimwaga, nimebakiza viwili, hivi mfukoni.

Jina nililotuma lilichelewa, lakini silirudishi. Sina mtu mwingine wa kumpa. Kwako nitaandika Apolinaria tu, kama ulivyotaka.

Wanasema vita vikiisha tutarudishwa kwa zamu. Sijui zamu yangu.

Raymundi


Kwihara
11 Februari 1945

Raymundi,

Leo ni mwaka.

Mvua inanyesha kama ile. Padri alipita, nikamwambia yote, nimechoka kuficha. Akaomba kuingia chumba cha nyuma. Alivua viatu mlangoni. Sikumwambia avue.

Asubuhi mimi na Mama tumesiliba sakafu kwa samadi mbichi, pole pole, kama unavyompaka mtu mafuta. Nilipofika pale pake nilimwambia yale maneno ya sakafu ya mzee wako, niliyoyakumbuka. Halafu nikasema na jina. Nilikuwa sijalisema hata siku moja. Mama alikuwa upande wa pili amepiga magoti, akaitikia, "Naam," kwa niaba yake, kama watu wanavyomwitikia mtoto asiyejua kusema. Tukalia hapo, mikono yote samadi, hakuna wa kumfuta mwenzake.

Hasira haijaisha. Nakuambia ukweli ili usije ukashangaa. Siku nyingine nikiamka ipo, siku nyingine haipo.

Mwambie Mzee Zeligi nimemsikia. Mwambie Salmini mama yake mjini ni mzima, nilikwenda dukani kumwona, akanipa kiti.

Sakafu imepasuka upande wa mlango, ufa wa urefu wa kidole. Ni kwa sababu ilipigwa mvua, ulisema kweli. Mama alitaka kuuziba leo, nimemzuia. Nimemwambia mwenye kuuziba yuko safarini, atakuja kiangazi na udongo wa kichuguu, atautia kwa mkono wake.

Mama Justus